Mia Tatu na Kumi

Skrubu zilikuwa tayari mkononi mwa kijana wa jeneza nilipoingia uani kwa marehemu Lufunga, kule Tinde. Skrubu za rangi ya dhahabu, bwana. Nikacheka kwa hasira, waombolezaji wakadhani msiba umenipanda kichwani. Jeneza lilikuwa limetoka Shinyanga mjini, ndani kitambaa cheupe cha kung'aa, ubavuni vishikio, juu kidirisha cha kioo kana kwamba maiti ataangalia njia. Siwalaumu watoto wake. Walitaka baba yao alale kama mkubwa. Lakini mimi nilimjua Lufunga kabla hajawa baba wa mtu yeyote, na nilijua kwamba tangu ujana wake hakuwahi kulala katika chumba kilichofungwa mlango. Mvua inyeshe, fisi alie, mlango wake uko wazi. Leo wanataka kumtia ndani ya sanduku na kumkazia skrubu. Nikamwambia yule kijana, "Weka chini hivyo vitu." Akasema, "Shikamoo, babu. Katekista amesema tufunge, watu wanasubiri." Nikamjibu, "Marahaba. Nimesema weka chini." Nyuma yangu nikasikia mtu ananong'ona, "Ndiye Lufunga wa dhahabu huyo, hata skrubu zake ni za dhahabu," na mwenzake akaguna kwa kicheko. Hapo ndipo damu iliponichemka kabisa, maana kejeli ile ina umri mkubwa kuliko wao, na ilizaliwa mbele ya macho yangu.

Habari za baba yangu, ukoo wetu na ng'ombe waliokuwa zizini sitaziandika, hazina kazi hapa. Mimi nilikomea darasa la pili. Malori yangu, mashine zangu za kukoboa mpunga pale Runzewe, nyumba ninayoandikia maneno haya, vyote nimevipata bila cheti cha mtu, na sioni aibu kujisifu. Mwaka ninaotaka kuusema ni mmoja tu, miaka michache baada ya Uhuru, nilipokuwa kibarua wa mgodi mdogo wa dhahabu upande wa Geita. Mgodi ulishakufa, mashimo yameota vichaka. Meneja wake alikwenda alikokwenda, na jina lake halistahili wino wangu.

Tulikaa kota, watu wawili chumba kimoja, mimi na Lufunga. Ukuta wa matofali mabichi, bati lisilo na dari, dirisha la ukubwa wa sahani. Vitanda viwili vya kamba, katikati jiko la mkaa, na msumarini mfuko wa michembe, vipande vya viazi vitamu vilivyokaushwa, ambayo mama yake alimtumia kutoka Tinde kila alipopata mtu wa kumpa. Kampuni ilitupa posho ya unga wenye wadudu na maharage magumu kama changarawe. Michembe ndiyo ilikuwa chakula chetu cha heshima. Lufunga aliipika kwa karanga, anakoroga huku anaigiza mwendo wa meneja, tumbo mbele, mikono nyuma, mpaka majirani wanakuja kuchungulia. "Shija," ananiambia mimi, "mtu mwenye tumbo lile akishuka shimoni nani atampandisha?" Alikuwa na kifua kipana, sauti ya kuita ng'ombe, na mchumba. Binti aliitwa Kalekwa, wa kwao hukohuko Tinde, na washenga walikuwa wanakwenda na kurudi. Wazee wa binti walikuwa bado wanauliza habari za ukoo wa kijana, kama ilivyo desturi kabla ng'ombe hawajahesabiwa. Jina la Kalekwa lilitajwa katika chumba kile kuliko jina la Mungu.

Kisha paa la njia moja ya chini likashuka. Mimi nilikuwa juu siku hiyo, nilisikia ardhi inagugumia kama tumbo. Lufunga alikuwa kule ndani na mwenzetu mmoja, Maziku. Tulichimba kwa zamu, kwa sululu na kwa mikono. Tulipowafikia, Maziku alikuwa amekufa, kichwa chake kimelala mapajani mwa Lufunga, na taa yao ilikuwa imezimika siku nyingi katika akili ya aliyebaki hai, ingawa kwa saa haikuwa muda mrefu hivyo. Lufunga alitoka bila jeraha. Hata mchubuko wa maana hakuwa nao, na hilo ndilo lililomponza. Mganga wa zahanati ya mgodi alimpangusa vumbi, akamtazama ulimi, akamwambia, "Wewe mzima, mshukuru Mungu." Angevunjika mguu wangemtandikia kitanda. Kwa kuwa kilichovunjika hakikuonekana, kesho yake walimpa sululu.

Mnyapara wetu alikuwa mtu wa huruma. Aliona jinsi Lufunga anavyotetemeka akifika mdomoni mwa shimo, akamhamishia juu, kwenye kinu cha kusagia mawe, apumzike. Akadhani amemsaidia. Kumbe watu wa kinu, kwa kuwa walikuwa karibu na dhahabu, walipekuliwa kila siku kabla ya kutoka, na chumba cha upekuzi kilikuwa kijumba cha zege kisicho na dirisha, mlango wa chuma, unaingia peke yako na askari wawili, mlango unapigwa komeo. Siku ya kwanza tu nilimsubiri nje nikasikia askari anafoka, "Unatoka jasho la nini? Vua! Unahema nini kama umekimbizwa?" Askari wale walikuwa wamefundishwa jambo moja, na walilijua kama sala: anayetoka jasho ameficha. Basi Lufunga, mlango ukifungwa, jasho linamwagika, magoti yanagongana, anashika koo. Nani hapo hakuona mwizi? Wakampekua mpaka kwenye meno. Wasipoona kitu, wakasema amemeza. Wakamnywesha mafuta ya nyonyo, wakamfungia kijumba kilekile na ndoo, wachungulie kitakachotoka.

Andika hivyo, nimejiambia, andika usione haya. Mtu aliyefukiwa gizani na maiti walimfungia gizani na ndoo. Walipochokora wakakosa walisema, "Huyu ni mjanja sana." Walipokosa tena walisema, "Huyu ndiye mwalimu wao." Kila walivyokosa ndivyo wizi wake ulivyozidi kuwa mkubwa. Nimefanya biashara na majambazi, nimedhulumiwa na watu wenye tai, lakini sijaona tena akili ya namna hiyo, ya kuhesabu mikono mitupu kuwa ushahidi.

Chumbani alianza kuegemeza jiwe mlangoni ili usijifunge. Alikula amegeukia nje, sahani gotini. Kumwigiza meneja aliacha. Nikamuuliza, "Unasikia nini hasa?" Akasema, "Moyo unakimbia. Mikono inakufa ganzi. Pumzi inakuja nusu. Najua kabisa kwamba nakufa, Shija, siyo nadhani, najua. Halafu mlango ukifunguliwa sifi, nabaki na aibu tu." Nikamwambia huo ni ugonjwa. Akasema ugonjwa gani usio na kidonda wala homa. Sikujua, lakini nilijua ng'ombe aliyeumwa na nyoka hupita mbali na kichuguu maisha yake yote, na hakuna anayemwita ng'ombe huyo mwizi.

Kila juma alikuja daktari wa kutembelea, mzungu mmoja mrefu wa misheni, na mtafsiri wake alikuwa karani wa zahanati, Anselmi. Anselmi alitoka Ushirombo, alikuwa ameonja seminari akafukuzwa kwa ulevi, na Kiingereza chake kilikuwa kinateleza kama samaki. Kazi yake hasa ilikuwa namba. Kampuni haikutaka kusoma majina ya magonjwa. Ilitaka kila mgonjwa aandikwe kwa namba, na mwisho wa mwezi namba zipelekwe makao makuu. "Bila namba, Shija, hujaugua," alipenda kusema. "Unaweza kufa, lakini hujaugua." Mimi ndiye nilimkokota Lufunga mpaka pale. Daktari alimsikiliza moyo, akamuuliza mengi, akasikiliza majibu mpaka mwisho bila kuangalia saa. Kisha akafungua kitabu kinene, akaweka kidole, akasema jambo. Anselmi akatutafsiria: "Anasema ni ugonjwa wa hofu. Upo. Una jina na una namba. Mia tatu na kumi."

Nilifurahi kama mtu aliyeshinda kesi. Nikampiga Lufunga bega, nikamwambia, umesikia, una namba! Sasa wataona hukumeza kitu, mwili wako unaumwa, wameandika wao wenyewe, kitabu chao wenyewe. Tulirudi kota tukipiga kelele. Akapika michembe, akaweka karanga bila kupima, na kwa mara ya kwanza tangu paa lishuke akainua tumbo mbele na mikono nyuma, akatembea kama meneja kutoka kitanda hiki mpaka kile.

Furaha hiyo haikukaa. Jumatatu Anselmi alikuja chumbani kwetu mchana wa mapumziko, akasimama pale penye jiwe, hakutaka kuingia. Nikamkaribisha chakula. Akasema, "Nimetoka kwa meneja. Ameniuliza mia tatu na kumi ni nini, nikamwambia hofu. Akaniambia nimsomee kichwa cha fungu. Nikamsomea."

"Kichwa kinasemaje?"

"Magonjwa ya akili. Mia tatu mwenyewe ni wazimu wa kuvua nguo sokoni. Huyu wetu yuko hatua chache mbele yake, fungu lilelile. Meneja anasema yeye haangalii hatua, anaangalia fungu."

"Anselmi," nikamwambia, "kwani kuogopa ni wazimu?"

"Si mimi ninayesema. Fungu ni moja."

"Basi liongeze fungu jingine!"

"Kitabu kimetoka Ulaya, wewe Shija. Nikiongezee fungu kwa kalamu ya risasi?"

Lufunga alikuwa anatafuna polepole. "Watanifanya nini?" akauliza.

Anselmi akakuna shingo. "Namba ikikaa, unaachishwa kwa ugonjwa, na barua ya ugonjwa wako inakwenda kwa mtendaji wa kwenu, Tinde, ili wakuangalie usidhuru watu. Namba ikifutwa, unarudi kwa askari, nao wamesema hawakutaki. Utafukuzwa kwa kutoaminika. Hawana ushahidi, kwa hiyo hakuna polisi, hakuna barua. Midomo tu ya watu."

Mtendaji wa Tinde wakati ule barua zikifika alizisoma kwa sauti penye mkutano, maana wengi hawakujua kusoma na yeye alipenda sauti yake. Wote watatu tulilijua hilo. Nikaanza kutukana. Nilimtukana meneja, nikatukana kitabu, nikamtukana Anselmi mwenyewe, akapokea kama mtu anayeona anastahili. Lufunga akaweka sahani chini, akafuta vidole.

"Kwa kina Kalekwa," akasema, "wanauliza mambo matatu ya ukoo. Ukoma, kifafa na wazimu. Wizi hawaulizi."

"Lufunga!"

"Nasema kweli. Mwizi anaweza kulipa akasahauliwa. Mwizi anaweza hata kusifiwa kwamba ana akili. Lakini ukisema wazimu, hawanikatai mimi tu. Watamkataa mdogo wangu, na mwanangu atakayezaliwa, na mwana wa mwanangu." Akamgeukia karani. "Futa. Andika malaria."

"Malaria naweza kuiandika nikiwa usingizini," Anselmi akasema, lakini hakucheka. Akasema, "Daktari ataniuliza," kisha akaenda zake kufuta.

Mimi sikukubali kimya. Nilikwenda ofisini kwa meneja na kofia yangu ya chuma mkononi. Mhudumu akaniambia nisubiri, nikampita. Nikamwambia meneja kwa Kiswahili, akielewa asielewe, kwamba mtu wake wa kwanza kuogopa ni yeye, maana hajawahi kushuka shimoni hata siku moja, na kama hofu ni wazimu basi ajiandikie namba hiyo yeye kwanza. Nikaitupa kofia juu ya meza yake, chai ikamwagika. Nikatoka kabla askari hawajafika. Ndivyo nilivyoacha kazi ya kuajiriwa, na sikuirudia tena mpaka leo. Watu huniuliza siri ya mali yangu, wakitegemea nitaje dawa au mganga. Siri ni ile chai. Niliapa hakuna mtu mwingine atakayekaa mezani kwake na kuandika mimi ni nani.

Lufunga alipofukuzwa tulishuka mpaka Nkome, ziwani, tukanunua dagaa wabichi, tukawaanika juu ya mawe, tukawauza vijijini. Lufunga alipona? Hapana, hakupona, lakini ziwani hakuna mlango. Alilala ufukweni kati ya nyavu, akaota nyama tena usoni. Siku anarudi Tinde kuoa alinishika mkono akasema, "Lile jambo usilitaje mpaka watoto wangu wote waoe na kuolewa." Nikamwambia, "Huna hata mmoja." Akasema, "Nitakuwa nao." Akamwoa Kalekwa. Akapata ng'ombe, na kila ng'ombe aliyezaliwa zizini kwake watu walisema ni ile dhahabu aliyoimeza. Lufunga wa dhahabu! Walimwita hivyo mnadani, kanisani, kilabuni. Yeye alicheka nao. Mimi sikucheka. Kitinda mimba wake, Nyamizi, aliolewa zamani, nami nilikuwa huru kusema, lakini yeye mwenyewe alikuwa ameshalizoea lile jina kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana, nikamwachia kimya chake.

Sasa niko uani, skrubu ziko chini, na watoto wake wamenizunguka. Nyamizi akanishika kiwiko. "Baba mkubwa, kuna nini? Unatuaibisha." Nikawaingiza ndani, alipokaa mama yao kwenye mkeka na wanawake, nikawaambia yote: Maziku, kijumba cha zege, ndoo, kitabu, karani. Mtoto wa kwanza aliinamisha uso. Yeye alikuwa amepigana utotoni kwa sababu ya jina lile, akatolewa jino. Nyamizi anafanya kazi hospitali ya mjini, chumba cha kumbukumbu za wagonjwa. Akauliza taratibu, "Ilikuwa namba gani?" Nikamtajia. Akasema, "Siku hizi imebadilika. Inaanza na herufi."

"Na iko fungu gani?"

"La akili, baba mkubwa. Lakini siku hizi watu wanaelewa. Wanatibiwa, wanarudi kazini..."

"Wakwe wanaelewa? Wewe ungewaambia wakwe zako?"

Akageuka kumtazama mama yake. Nikapiga ukuta kwa kiganja. Miaka yote hii! Wameongeza herufi, wameleta kompyuta, na binti wa Lufunga mwenyewe kazi yake ni kuandika namba ile kwa watoto wa wenzake, na hakujua kwamba baba yake alikufa mwizi kwa sababu ya namba hiyohiyo! Nilikuwa naendelea kufoka pale Kalekwa aliponikatiza kutoka mkekani.

"Shija, punguza sauti, nyumba hii ina maiti." Kisha akasema, "Mlitaka kumfungia kweli? Mimi nilikuwa nalia, sikuliona hilo sanduku."

"Mama, wewe ulijua?" Nyamizi akauliza.

"Nimelala na mlango wazi tangu niolewe, fisi wanapita wananitazama. Jiwe la mlangoni nililibadilisha mimi la kwanza lilipopasuka. Nisijue mume wangu anaumwa nini?"

"Na hukusema kitu kwa wazee wako?" nikamuuliza mimi.

"Waliniuliza mimi? Walikuwa wanauliza ukoo." Akajifuta pua kwa ncha ya kanga. "Leteni ngozi. Ile ya dume jeusi, iko darini."

Katekista alikuja kusema neno kuhusu jeneza, kwamba watu wa mjini wameshaliona. Kalekwa akamtazama tu, naye katekista akarudi nje kuongoza sala. Tukamfunga Lufunga katika ngozi kama walivyozikwa wazee wake, blanketi juu, uso tukauacha bila kukaza. Wale wawili waliokuwa wakinong'ona niliwaita washike kamba upande wangu. Kabla udongo haujashuka nikawaambia waliohudhuria, kwa sauti, kwamba huyu hakuiba kitu, kwamba alifukiwa shimoni na tangu siku hiyo aliumwa hofu, na kwamba ugonjwa huo una namba, na namba nikaitaja. Kuna waliotazamana. Mzee mmoja wa upande wa kina Kalekwa akatikisa kichwa kana kwamba ameuziwa ng'ombe mwenye kasoro. Nikamkazia macho mpaka akatazama chini. Akitaka kurudisha ng'ombe wa mahari waliowapokea, aje kwangu Runzewe tuzungumze.

Jeneza Kalekwa hakulitupa. Alimwita fundi akalipasua, akatengeneza benchi, limewekwa barazani, na zile skrubu ndizo zimeshika miguu yake. Nikipita Tinde nakaa hapo, naletewa michembe kwa karanga. Nyuma yetu mlango uko wazi na jiwe liko palepale. Juzi nilimuuliza kwa nini haliondoi, mwenyewe ameshaondoka. Akanisogezea sahani. "Kula, Shija," akasema. "Inapoa."